Kuruka kila mtu anaruka, kazi ipo kwenye kutua

Saa kumi alfajiri Mtwara bado giza, hata wa kwenda msikitini hawajaamka wote, na mimi niko sebuleni nimejifunika khanga, simu nimechomeka chaji, naangalia wadada wa wushu. Ilikuwa mwishoni mwa mwezi wa tisa 2023, Michezo ya Asia kule Hangzhou, ile ambayo jina lake limebaki 2022 sababu korona iliisogeza mbele mwaka mzima. China wametutangulia masaa matano, kwahiyo wao wakianza saa tatu asubuhi sisi huku ndo hiyo saa kumi. Wushu ilikuwa tarehe 24 mpaka 28, nikanunua bando la wiki kabisa, sikutaka inipite hata moja ya wanawake.

Mimi ni fundi cherehani hapa Mtwara mjini, nashona sare za shule na madera, na msimu wa korosho ukifunguka nashona mpaka usiku maana ndo watu wana hela. Wushu nimeanza 2011 nikiwa na miaka 19. Kuna kaka mmoja alikaa Dar miaka kadhaa akajifunza kwa Wachina, aliporudi akaanza kufundisha vijana jioni nyuma ya shule moja ya msingi, sisi tulimwita sifu, yaani mwalimu, na mpaka leo namwita hivo. Wasichana tulikuwa wawili tu, mwenzangu akaolewa Masasi, nikabaki mimi na wavulana kumi na tatu. Huku kwetu chochote chenye teke kinaitwa karate, au konfu kwa waliokulia kwenye mabanda ya video, sasa nikisema wushu naulizwa ndo nini, kwahiyo nieleze kidogo kabla sijaendelea.

Wushu ya mashindano ina pande mbili. Kuna taolu, unaingia peke yako kwenye kapeti la mita 14 kwa 8 unaonyesha mfululizo wako wa mapigo, mikono mitupu au na silaha kama upanga, mkuki, fimbo, na majaji wanakupa maksi juu ya 10. Halafu kuna sanda, hapo mnapigana kweli, ngumi, mateke na kubwagana, juu ya jukwaa lililoinuliwa sentimita 80, na ukidondoka nje ya jukwaa mara mbili ndani ya raundi moja hiyo raundi imeenda. Michezo ya Asia waliingiza wushu 1990 Beijing na taolu ya wanawake ilikuwemo, ila sanda wanaume walianza 1998 Bangkok na wanawake wakaja kupewa nafasi 2010 Guangzhou. Miaka 12 hapo katikati. Huwa nawafikiria sana wale dada waliokuwa na miaka 20 mwaka 1998, wanapigana vizuri, wana nguvu, na hakuna mlango. Wengi wao 2010 ilivyofika miili ilishachoka. Hilo jambo huwa linaniuma kama nawajua.

Basi nije kwenye langu.

2014 mwezi wa kumi na mbili tulienda Dar kwenye mashindano, sifu na vijana sita na mimi. Tulipanda basi la saa kumi na mbili asubuhi, tukavuka daraja la Mkapa pale Rufiji jua kali, jioni tukafika. Nguo yangu nilishona mwenyewe, satini nyekundu, vifungo vya kitambaa vile vya Kichina nilivikunja kimoja kimoja kwa mkono wiki nzima, na mkanda mweusi. Kesho yake tunafika ukumbini tunaambiwa ratiba ni ya wanaume, wanawake mko wachache mtaonyesha wakati wa mapumziko ya chakula. Yaani hivo tu, mtu anasema huku anaangalia karatasi yake. Tulikuwa wasichana wanne, wawili wa Dar, mmoja wa Tanga na mimi. Sifu aligomba mpaka sauti ikamkauka, haikusaidia. Nikaja kuingia kwenye kapeti viti vimebaki vitupu, watu wako nje na sahani za wali, majaji wenyewe watatu mmoja anatafuna. Najua waandaaji hawakuwa na nia mbaya, walikuwa na haraka, lakini mtu uliyesafiri siku nzima unajua kabisa umewekwa wapi.

Ila kilichoniangusha siku ile hakikuwa hicho na nataka niseme ukweli wote. Mimi nilikuwa sijawahi kukanyaga kapeti la wushu maishani mwangu. Mazoezi yetu yalikuwa kwenye vumbi la shule na kwenye mchanga wa ufukweni Shangani, hapa hapa mjini. Sasa mchanga unakunywa nguvu yako, unaruka kwa nguvu zote unapanda kidogo, na miguu inazoea hivo. Kapeti lenyewe lina utando chini unaorudisha, unalikanyaga linakusukuma. Nilivyofika kwenye teke langu la kimbunga, lile unaruka unazunguka hewani unagonga kiganja na unyayo halafu unatua kwenye mabu, ule mkao wa kama umepanda farasi, nikakimbia hatua zangu, nikaruka, nikapanda! Sijawahi kupanda vile. Kuna sehemu ya sekunde nilijiona niko juu nikafurahi kabisa moyoni, na hapo hapo nikaelewa kwamba sijui kushuka kutoka hapa. Hiki kimo sikijui. Miguu iliwahi chini kabla akili haijafika, kisigino cha kulia kikateleza, nikaweka mkono.

Mkono ukigusa chini ni 0.2 inakatwa. Unyayo ukihama au mwili ukiyumba ni 0.1. Ukianguka kabisa ni 0.3. Ukisikia mtu anazitaja unaona ni vijipointi vidogo, lakini kwenye ngazi za juu mshindi na wa nne wanaachana kwa sehemu za mia tu, yaani 9.70 na 9.68, mkono mmoja chini umekutoa kwenye medali kabisa. Na mbaya zaidi huko kimataifa ule ugumu wenyewe una maksi zake 2 kati ya zile 10, tano ni usahihi wa mapigo na tatu ni jinsi ulivyocheza kwa ujumla, sasa ukiruka vizuri ukatua vibaya unakatwa kwenye kosa na maksi za kuunganisha mruko na mkao huzipati. Umelipa mara mbili. Umeruka bure.

Nilirudi Mtwara kifundo cha mguu kimevimba kama embe. Nikafungwa, nikaambiwa nipumzike wiki sita, mama akasema nenda Newala kwa bibi ukakae huko maana hapa hutatulia.

Bibi yangu ni Mmakonde wa zamani hasa, ndonya ya mdomoni hana lakini chale za usoni anazo, na alikuwa mchezaji wa sindimba wa kuitwa vijiji vya mbali. Nikawa nakaa naye chini ya mkorosho anamenya muhogo namsaidia. Kifundo kilivyopata nafuu nikaanza kukaa mabu taratibu pale uani, miguu imeachana kama nyayo tatu za mwenyewe, mapaja yamelala, mgongo umenyooka, mikono kiunoni. Bibi akaniangalia muda. Akauliza, "Hiyo wamekufundisha Wachina?" Nikamwambia ndiyo bibi. Akasema, "Mjukuu wangu, huo mkao mbona wetu." Akaweka kisu chini, akanyanyuka, mama wa miaka sabini na kitu, akafunga khanga vizuri akashuka. Alishuka kama maji yanavyoingia kwenye mtungi, hakuna mahali palipokatika. Akaniambia watu wanatazama kiuno wanadhani ngoma iko kiunoni, kiuno hakina kazi kama magoti hayajui. "Goti lilegee, unyayo usilegee. Wewe umefanya kinyume, goti umelikaza na unyayo unaogopa ardhi."

Mambo mengine aliyonielekeza siyaandiki, ya unyagoni hayasemwi nje. Lakini hilo la goti na unyayo ni la uani na nimeruhusiwa kulisema. Wiki zile nne Newala sikuruka hata mara moja. Nilishuka tu. Napanda kwenye kinu kilichopinduliwa, nashuka. Napanda kwenye kigogo, nashuka. Bibi ananisikiliza hata haniangalii, anamenya muhogo wake, nikitua kwa kishindo anasema "nasikia gunia", nikitua vizuri hasemi kitu. Nilikuwa natafuta ule ukimya wake siku nzima.

Kurudi Mtwara ndo nikagundua kitu ambacho nilikuwa nakikanyaga kila siku nisikione. Bahari ya huku ikitoka inatoka mbali, hasa kipindi cha bamvua, mwezi mchanga au mpevu, pale Shangani unaachiwa uwanja mkubwa wa mchanga uliolowa, mgumu, umelala kama sakafu. Mchanga mkavu wa juu ndo unaokunywa nguvu, ule wa maji yaliyopwa haunywi. Ukiruka pale unapanda. Na ukitua unaandika.

Hii nataka niieleze vizuri sababu imenifundisha kuliko kocha. Ukitua sawa kwenye mabu unaacha nyayo mbili zimelingana, kisigino na vidole kina kimoja, kingo zake zimekatika safi kama umekata kitambaa na mkasi mpya. Uzito ukiegemea upande, unyayo mmoja unakuwa shimo na mwenzake uko juu juu. Ukiteleza, kuna mkwaruzo na mchanga umejirundika mbele ya vidole. Ukichelewa kufungua nyonga, nyayo zinakuwa zimebanana, napima na futi yangu ya kushonea naona kabisa hapa sentimita kumi zimepungua. Na mkono ukigusa, vidole vitano hivyo hapo, huwezi kubisha. Kule kwenye mashindano makubwa kuna majaji kazi yao ni kuandika namba ya kosa kila ukikosea, mimi sikuwa na majaji, nilikuwa na mchanga, na mchanga haujawahi kwenda kula wali.

Kwahiyo nikawa napanga mazoezi kwa kufuata maji. Wateja walishajua, ukikuta cherehani imefunikwa saa nane mchana basi maji yametoka.

Mwaka ule ule nilioweka mkono chini Dar, miezi kama mitatu kabla, kule Incheon Korea Kusini dada mmoja wa Vietnam anaitwa Duong Thuy Vi alichukua dhahabu ya upanga na mkuki, na ilikuwa dhahabu pekee ya Vietnam kwenye michezo yote ile. Video yake nilikuja kuipata baadaye kwa rafiki, nimeiangalia mpaka naweza kukuambia anavuta pumzi wapi. Mkuki ni silaha ngumu kwa mwanamke mfupi maana urefu wake haupungui kimo chako na mkono umenyoosha juu, yaani unacheza na kitu kinachokuzidi, na kikigusa kapeti mahali pasipotakiwa unakatwa, kikikuponyoka unakatwa zaidi. Anaruka na hicho kitu mkononi, anazunguka, anashuka, na ncha ya mkuki inasimama. Haitikisiki. Nilikuwa nasimamisha video pale pale miguu inapogusa, nasogeza mbele kidogo kidogo, natafuta goti. Goti linalegea kabla ya unyayo kugusa. Kabla! Bibi alishasema na Incheon haijui iko wapi.

Sasa rudini na mimi kwenye ile sebule 2023. Siku ile ya ngumi ndefu, changquan, ya wanawake, dhahabu ilienda kwa Li Yi wa Macau. Macau jamani. Watu wao hawafiki 700,000, sisi mkoa wa Mtwara peke yake sensa ya 2022 imetuhesabu zaidi ya milioni 1.6. Michezo yote ya Hangzhou Macau walipata dhahabu moja na ni hiyo ya huyo dada. Anaingia, anasimama, uso umetulia kabisa, na mfululizo wao hautakiwi kupungua dakika moja na sekunde ishirini, ukisikia unaona ni muda mfupi ila jaribu kurusha mateke kwa kasi ile sekunde themanini uone kifua kinavyowaka. Ninachokumbuka ni kwamba kila akishuka kulikuwa na kanafasi kadogo ka kimya kabla ya pigo linalofuata. Nikiwa nimekaa kwenye mkeka nilijikuta nasema kwa sauti "hasemi kitu", nikimaanisha bibi. Bibi alishafariki 2019. Nililia pale mpaka mwanangu akaamka kuuliza mama kuna nini.

Halafu tarehe 28 fainali ya sanda kilo 60, Naorem Roshibina Devi wa India na Wu Xiaowei wa China. Roshibina alipigwa 2 bila na akapata fedha, Jakarta 2018 alikuwa na shaba. Mimi sanda sichezi, ila nilimtazama yule dada kwa moyo wote sababu anatoka Manipur na mwaka ule kwao kulikuwa na machafuko tangu mwezi wa tano, watu wanauana, yeye yuko kambini mbali na wazazi hajui usiku watalalaje. Alivyoshinda medali akaitoa kwa ajili ya watu wa Manipur huku analia. Sisi wa mpakani mwa Ruvuma hilo tunalielewa bila kuelezwa. Oktoba 2020 kijiji cha Kitaya, hapa mpakani na Msumbiji, kilivyovamiwa kulikuwa na ndugu zetu kule, kuna wiki nzima nilikuwa nashona huku simu iko mapajani nasubiri ilie, sindano inaingia kwenye kidole sisikii. Na yeye kwenye hali hiyo anatakiwa apande jukwaani abaki amesimama. Kwenye sanda ukimbwaga mwenzio na wewe umebaki wima unapata pointi 2, ukianguka naye zinapungua au hupati. Kwahiyo kule nako ni kilekile.

Baada ya Hangzhou ndo nikaamua kuanza na watoto wa kike. Nilikuwa naogopa muda mrefu, nasema mimi sina cheti cha ukocha, sina kapeti, sina hata ukumbi. Sifu akaniambia, "Dada, wewe uliponikuta mimi nilikuwa na nini?" Nikaanza na watatu, sasa ni tisa, miaka 10 mpaka 15. Jumamosi na Jumapili, saa inategemea maji. Maji yakiwa yamejaa tunakaa nyuma ya shule kwenye magodoro niliyotengeneza, ni magunia ya korosho yaliyochakaa nimeyajaza makumbi ya nazi nikayashona mishono mitatu mitatu kwa uzi wa nailoni, yanachoma kidogo miguuni ila yanabeba. Fimbo zetu tunakata wenyewe, sheria inasema fimbo isipungue kimo cha mchezaji, kwahiyo kila mtoto akirefuka anapewa fimbo mpya na ile yake anamrithisha mdogo. Wanaipenda sana siku hiyo.

Na kanuni yangu ni moja, miezi mitatu ya mwanzo hakuna kuruka. Kushuka tu. Hapo nimepoteza watoto wengi, siwezi kudanganya, wanakuja wameona video wanataka mateke ya hewani siku ya kwanza, wanakuta wanashushwa kwenye tofali mbili kutwa. Wazazi nao wananiambia mbona hawajifunzi kitu. Inaniuma kuwapoteza lakini sitabadilisha, kifundo changu cha kulia mpaka leo kikiona mvua inakuja kinaniambia.

Wazazi ndo kazi kubwa kuliko watoto. Wengi wanauliza mavazi kwanza, na nawaelewa, huku wengi wetu ni Waislamu. Hapo jibu ninalo tayari, nawaonyesha kwenye simu Zahra Kiani wa Iran alivyochukua fedha ya upanga na mkuki Jakarta 2018, mikono mirefu na hijabu kichwani, kwenye kapeti lile lile na wengine. Nawaonyesha na mabinti wa Mansourian, ndugu watatu wa Iran wanaopigana sanda, hijabu iko chini ya kofia ya kujikinga. Nguo nashona mimi mwenyewe, kitambaa mzazi analeta msimu wa korosho, shingo naipandisha, mikono naishusha mpaka kifundoni, nyonga naachia nafasi ya kutosha mtoto apige msamba isichanike. Wakishaishika nguo mkononi nusu ya maswali yanaisha.

Lakini kuna mama mmoja nguo haikumsaidia. Ni wa Msangamkuu, ng'ambo, binti yake ana miaka 13 anavuka na kivuko kila Jumamosi kuja kwangu na nauli wakati mwingine natoa mimi. Huyu mtoto ana kitu. Sisemi kwa kujisifia, ukimwona anavyoshuka utaelewa, ana goti la bibi yangu. Olimpiki ya Vijana ya Dakar 2026 wushu imewekwa kwenye ratiba kwa mara ya kwanza, na ni mara ya kwanza Olimpiki yoyote kuja Afrika, nilimwambia yule mama hayo yote, sio kwamba mtoto wake anaenda, safari bado ndefu sana na kuna kuchujwa Dar na kuna mengi, nilitaka tu ajue kwamba mlango upo na uko kwenye bara letu hili hili la Afrika. Akanisikiliza kwa adabu akasema, "Dada, mimi nachokoa pweza na nakaanga nauza. Huyu ndo anayenibebea ndoo. Akivunjika mguu kwa ajili ya michezo yenu nani atanibebea?" Sikuwa na jibu. Si swali baya. Nikamwambia nimekusikia mama, na nikawaza mtoto hatarudi, ila akarudi, mama hakumkataza, alinyamaza tu na ule unyamazaji wake ulikuwa mzito.

Bamvua ya mwezi uliopita tuko Shangani, maji yametoka mbali kabisa, na akina mama wa pweza wamejaa kwenye mwamba na chuma zao wanachungulia mashimo. Sisi tumejitenga pembeni kwenye mchanga mgumu. Huyu binti alikuwa ameshamaliza miezi yake ya kushuka na sasa anaruka mzunguko mmoja. Akakimbia, akaruka, akatua. Niliangalia nyayo, zimelingana, nikapima na futi, upana sawa, nikasema safi. Watoto wakapiga makofi.

Nageuka namwona mama yake amesimama nyuma yangu, ndoo mkononi ina pweza wawili, chuma begani, khanga imelowa mpaka magotini. Sijui alikuwa pale tangu saa ngapi. Nikamwamkia, "Shikamoo mama," akaitikia huku haniangalii mimi, anaangalia chini. Akasogea. Akainama kwenye zile nyayo kama wanavyoinamia shimo la pweza, kichwa kando ili mwanga uingie, na unajua hawa watu wanaishi kwa kusoma mchanga, akiona changarawe tatu zimekaa vibaya anajua pweza kaingia jana au leo. Akagusa ukingo wa unyayo wa kushoto kwa ncha ya kidole.

"Huu umechelewa," akasema. "Wa kulia umeshuka kwanza, huu umekuja nyuma. Tazama mchanga ulivyojikunja hapa."

Nikainama. Nikaangalia mara mbili. Kulikuwa na kakunjo kadogo kama uzi kwenye upande wa ndani wa kisigino, na mimi nilikuwa nimesema safi.

"Rudia," mama akamwambia mwanae.

Mtoto akaniangalia mimi, nikamwambia umesikia mama yako. Akarudi nyuma hatua zake saba. Mama akaweka ndoo chini.